Mtazame Anayesikiliza

Mtu wa Endagikot, Mbulu, anayetaka kujua kama mwongozaji wa filamu ni fundi asimkodolee macho mwigizaji anayezungumza. Amwangalie anayesikiliza. Wairaqw wa Mbulu wana msingi wa kipimo hiki katika slufay, maombi yao ya kuitikiana: mzee huomba, kusanyiko huitikia, na wanaoitikia wakizembea, maneno ya mzee hupwaya hata yakiwa mazuri namna gani.

Kwa jaribio hili, achukue kazi za Amil Shivji, mwandishi na mwongozaji wa Kitanzania ambaye jina lake halivumi kama majina ya mastaa wa Bongo Movie. Tangu filamu fupi ya Shoeshine (2013), Shivji amewapa nafasi wasikilizaji. Humo mpiga kiwi wa Dar es Salaam anang'arisha viatu huku watu wa matabaka mbalimbali wakizungumza mbele yake.

T-Junction (2017) ndiyo inayoonyesha ufundi huo waziwazi zaidi. Fatima amefiwa na baba ambaye hakumjua vizuri. Hospitalini anakutana na Maria, anayemsimulia kwa vipande habari za watu wa njia panda. Mwongozaji mvivu angezama katika kisa cha Maria na kumsahau binti aliyeketi kando yake. Shivji anamrudia Fatima, kwa hiyo msiba wa wageni unafungua njia ya msiba wake mwenyewe. Hapo ndipo pa kukaza macho: je, uso wa msikilizaji umebadilika kati ya kipande kimoja na kingine? Usipobadilika, usimulizi wote ni mapambo.

Vuta N'kuvute, iliyozinduliwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021, ni mtihani mgumu zaidi, maana inatokana na riwaya nene ya Adam Shafi kuhusu Zanzibar ya miaka ya 1950. Riwaya inamvusha mhusika wake mkuu, Yasmin, bahari hadi Mombasa. Filamu inajikita Unguja, kwake na kwa Denge, mpigania uhuru. Ni uamuzi sahihi. Siasa za Denge zinapata uzito pale zinapomgusa Yasmin, msichana aliyetoroka ndoa ya kupangiwa. Siti Amina, ambaye pia ni mwimbaji, anamwigiza Mwajuma, rafiki wa Yasmin. Macho yake yafuatwe hasa wakati wengine wanaposema.

Mwenye simu au kompyuta azime sauti, arudie tukio moja la watu wawili, kisha ajiulize nani kati yao amebadilika.