Mkono wa Kushoto wa Mohamed Amin

Kamera ya habari ya begani hugawa kazi kwa mikono miwili. Wa kulia huingia kwenye mkanda ulio ubavuni mwa lenzi: kidole gumba huanzisha kurekodi, viwili vingine huvuta picha karibu au kuirudisha mbali. Wa kushoto hukaa kwenye pete za lenzi, ya fokasi na ya mwanga. Watu husifu mkono wa kulia. Mimi, picha ikinikaa moyoni, huuliza kushoto kulifanyika nini.

Chukua Korem, kaskazini mwa Ethiopia, Oktoba 1984. Mohamed Amin, mpiga picha wa habari, mzaliwa wa Nairobi aliyekulia Dar es Salaam, alifika huko na Michael Buerk wa BBC. Taarifa yao ya njaa, ya dakika saba hivi, ilirushwa tarehe 23. Inafunguka alfajiri: uwanda umejaa watu waliojifunika mashuka, moshi na ukungu vimetanda, na kamera inawapitia polepole. Saa ile mwanga ni haba, hivyo tundu la lenzi hufunguliwa sana. Na likifunguliwa sana, masafa yanayotoka makali hupungua. Sogea hatua moja kuelekea uso wa mtoto, macho yake yanakuwa ukungu. Jua nalo linapanda, mwanga unabadilika kila dakika. Ungeweza kuuachia mtambo upime wenyewe, lakini mbingu ikiingia kwenye fremu mtambo huhadaika, unabana tundu, nyuso zinageuka vivuli. Yote hayo yaliamuliwa kupitia kioo kidogo cha kutazamia ambacho zama zile hakikuwa hata na rangi.

Juni 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa, Amin akiwa huko kazini. Mrekodi sauti wake, John Mathai, aliuawa. Amin alipoteza mkono, na ulikuwa wa kushoto.

Kisa hiki husimuliwa kama cha ushujaa, na si uongo. Ila fundi atauliza: pete zitageuzwaje? Alifungiwa mkono wa bandia uliobuniwa kwa kazi ya kamera, akarudi kazini. Vidole vya bandia hushika, havihisi. Katika hali hiyo njia salama ni kuiacha lenzi pana na kumfuata mhusika kwa miguu, maana kwenye lenzi pana kosa dogo la fokasi halionekani, ilhali ukimvuta kutoka mbali linaonekana mara moja. Gharama yake ni kwamba lazima uwe karibu na hatari.

Aliendelea na kazi hadi Novemba 1996, alipofariki katika ndege ya Ethiopian Airlines iliyotekwa na kuanguka baharini Komoro.