Kali Ndani ya Simu: Root ya Bandia Inafika Wapi?

Kijana wa Mwanga, mjini Kigoma, anayetaka kujifunza usalama wa mitandao anaweza kuwa na kifaa kimoja tu: simu ya Android. Kali Linux, mfumo wa kupimia usalama uliotolewa mwaka 2013, hukaa humo kupitia NetHunter, toleo la simu lililofuata mwaka 2014. Suala ni namna ya kuuweka bila kuhatarisha simu hiyohiyo inayotunza pesa zake.

NetHunter ina njia tatu. Toleo kamili linataka root, yaani mamlaka yote juu ya simu, pamoja na keneli, yaani kiini cha mfumo, iliyotengenezwa kwa modeli husika. Lite linataka root tu. Rootless halitaki vyote viwili: unaweka Termux, programu ya kuandikia amri, unaendesha skripti ya usakinishaji, kisha unaandika nethunter. Mwenye bando dogo achague faili la minimal, halafu aongeze zana mojamoja kwa apt.

Katika Rootless, kazi nzima inabebwa na programu iitwayo proot. Kali haiji na keneli yake. Inatumia ileile ya Android, ambayo nayo ni Linux. Programu ya Kali ikiomba faili, proot hulidaka ombi na kulielekeza kwenye folda ya Kali. Ikiuliza mtumiaji ni nani, hujibiwa kuwa ni root. Udakaji huo hupunguza kasi.

Keneli yenyewe haidanganyiki. Nmap, zana ya kukagua mitandao, ikiamini ina root, hujaribu kuunda pakiti ghafi na kukataliwa. Dawa ni nmap --unprivileged -sT, inayotumia miunganisho ya kawaida. Kukagua milango iliyo wazi kwenye ruta ya dukani kwako, hiyo inatosha. Kunasa mawimbi ya Wi-Fi yaliyo karibu ni habari nyingine: kunahitaji keneli maalumu na mara nyingi adapta ya nje. Tena tangu Android 12, mfumo huzima michakato ya ziada ikizidi 32, hivyo Termux inaweza kukatika katikati ya kazi.

Kutafuta root huanza kwa kawaida na kufungua bootloader, programu inayowasha mfumo wa simu, hatua inayofuta data zote, na programu nyingi za benki hugoma baadaye. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya Tanzania ya 2015 nayo inakataza kuingia mfumo wa mtu bila idhini.

Mwenye simu moja aanze na Rootless, kwenye ruta yake au ya aliyemruhusu kwa maandishi. Root isubiri simu ya pili isiyo na laini ya pesa.