Wimbo wa Sauti Mbili na Hukumu ya Soko

Wahenga walisema: chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Methali hii ni kweli katika mambo mengi, lakini mtu atakaye kuhukumu kazi ya sanaa haimpasi kuipokea bila kuipima. Viko vibaya vingi vinavyonunuliwa kwa wingi, na viko vyema vinavyokosa mnunuzi. Na tuipime basi kwa wimbo mmoja uliouzwa mno: "Islands in the Stream", ulioimbwa na Kenny Rogers na Dolly Parton wa Marekani, ukatolewa katika santuri mwaka wa 1983. Jina lake maana yake ni visiwa katika mkondo wa maji, nalo ni jina la kitabu cha hadithi cha Ernest Hemingway kilichochapishwa mwaka wa 1970.

Tusikilize kwanza ushahidi wa soko. Jarida la Billboard hutoa kila juma orodha za nyimbo zinazopendwa Marekani. Moja ni ya nyimbo za namna zote, na nyingine ni ya nyimbo za kantri, muziki uliokulia mashambani na milimani kusini mwa nchi ile. Mwezi wa Oktoba 1983 wimbo huu ulishika nafasi ya kwanza katika orodha zote mbili. Santuri zake zilizouzwa Marekani zilipita milioni 2. Hakuna wimbo mwingine wa kantri uliopata kufika kilele cha orodha hizo mbili mpaka mwaka wa 2000.

Lakini wakati ule orodha zilihesabu wanunuzi na mara za kupigwa redioni. Uzuri haina mizani ya kuupimia. Mpinzani aweza kusema ya kuwa kilichouzwa ni majina ya waimbaji, si wimbo. Hoja yake ina nguvu. Rogers alikwisha fika kileleni kwa wimbo wa "Lady" mwaka wa 1980, na Parton akafika huko mwaka uliofuata kwa "9 to 5". Hata watunzi, ndugu watatu wa kundi la Bee Gees, walikuwa watu mashuhuri. Hata hivyo, mwaka wa 1985 Rogers na Parton waliimba tena pamoja wimbo uitwao "Real Love". Wapenzi wa kantri waliuweka juu katika orodha yao, lakini katika orodha ya nyimbo zote ulibaki mbali chini. Waimbaji walikuwa wale wale, na sifa zao zile zile. Basi sifa peke yake haitoshi kuwa sababu. Inatupasa kuuchungua wimbo wenyewe.

Tukianza na maneno, hatuoni utajiri mkubwa. Ni maneno ya mapenzi ya kawaida, na picha iliyo katika jina lake ina ila. Wimbo wataka kutuonyesha wapenzi wawili wasiotengwa na kitu, lakini visiwa hutengwa na maji; la sivyo visingeitwa visiwa. Mtunzi wa mashairi ya Kiswahili aliyeleta mfano wa namna hiyo barazani angeulizwa maswali mazito.

Nguvu ya wimbo huu imo katika sauti. Rogers mwenyewe alisimulia ya kuwa mwanzoni aliuimba peke yake, akaurudia siku kadhaa mbele ya Barry Gibb hata ukamchosha. Ndipo Gibb aliposhauri Parton aitwe. Maneno hayakubadilika maana, lakini wimbo ulipata uhai. Sauti ya Rogers ni nzito, yenye mikwaruzo kidogo, kama ya mtu azungumzaye karibu na moto jioni. Ya Parton ni nyembamba, ya juu, safi, yenye mtetemo. Rogers huanza ubeti wa kwanza. Katika kibwagizo huungana. Kisha Parton hushika ubeti wa pili, na hapo tuni nzima huhama daraja yake ya sauti. Msikilizaji hata asiyejua muziki huhisi ya kuwa ameingia mtu mwingine nyumbani.

Sisi tumezoea majibizano ya washairi, ambamo anayejibu sharti apinge au afumbue. Katika wimbo huu hapana ubishi. Wote wawili wasema jambo moja. Na mapatano katika sanaa huchosha upesi. Kinachouokoa wimbo ni kwamba maneno yanapopatana, sauti hubaki mbalimbali. Hakuna inayoimeza nyingine, wala hakuna inayoiga nyingine. Hapo ndipo ile picha yenye ila inapopata maana ambayo maneno hayakuweza kuipa: visiwa viwili havigeuki kuwa kimoja, bali maji yale yale huvigusa vyote viwili.

Miaka nayo imeshuhudia. Mwaka wa 1998 Pras alikitumia kibwagizo cha wimbo huu katika "Ghetto Supastar", wimbo wa rapu, na tuni haikuvunjika. Rogers alifariki mwaka wa 2020, lakini sauti yake haijanyamaza, hata hapa Kenya ambapo kantri ina wapenzi wengi.

Basi methali yetu imesema kweli? Safari hii soko lilihukumu vema, ila halikutoa sababu, na hukumu isiyo na sababu haifundishi. Kutafuta sababu ni kazi ya mhakiki, nayo ni kazi yako, msomaji. Usiupende wimbo kwa kuwa wengi wameununua, wala usiudharau kwa ajili hiyo hiyo. Usikilize mara ya pili, ujiulize ni kiungo gani ambacho kikiondolewa wimbo utaanguka. Katika wimbo huu ondoa neno hili au lile, utasimama. Ondoa sauti moja, utalala.