Bisi motoni: kile ambacho video za kambi hazituonyeshi



Mega zangu nyingi za mwaka huu zimeishia kwenye video za namna moja. Bila shaka unazijua. Mtu mmoja yuko peke yake msituni, fasi ya baridi, Ulaya au Marekani. Anafunga hema, anapasua kuni, anawasha moto, anatundika sufuria nyeusi. Anatia mafuta na mahindi, anafunika. Hasemi hata neno moja. Unasikia kuni zinalia, kisha punje zinaanza kupasuka moja moja, halafu zote kwa pamoja. Anafungua kifuniko, bisi nyeupe zimejaa mpaka juu. Anakula akitazama giza. Mwisho.

Humu kwenye ukurasa wetu pia zinapita. Mtu anatuma, anaandika chini yake: "Siku moja na sisi." Leo nataka kuzipima video hizi kama tunavyopima filamu au kitabu: kipi wanafanya vizuri, kipi wanaficha, na sisi wa Fizi tunachukua nini humo.

Nianze na sifa, juu zipo. Wale wanaofanya vizuri wanatufundisha subira. Hawatii mahindi yote mara moja. Wanatia punje tatu kwanza, wanangoja. Zile tatu zikipasuka, wanajua mafuta yamefika, ndipo wanamimina nyingine. Tena hawaweki sufuria juu ya miali. Wanangoja kuni ziwe makala mekundu, juu miali inapiga upande mmoja na kuacha mwingine, lakini makala yanatoa joto sawasawa. Wanatikisa sufuria wakati wote ili punje za chini zisiungue. Na wanaacha kifuniko wazi kidogo ili mvuke utoke. Ukifunika kabisa, bisi zinarudi kuwa laini na ngumu kutafuna kama mpira. Haya yote ni kweli, na yanaonyeshwa bila maneno mengi. Mwalimu mzuri hufanya hivyo.

Wengine wanatia siagi ndani ya sufuria tangu mwanzo, kwa sababu inapendeza mbele ya kamera. Hapo wanadanganya. Siagi ina maji na mabaki ya maziwa, inaungua kabla mahindi hayajapata joto lake. Sisi tuko na mafuta ya mawese ya Baraka na Mboko, ambayo yanastahimili moto vizuri zaidi na yanatoa rangi nzuri. Hapo hatuna cha kumwonea mtu wivu.

Sasa kasoro kubwa. Katika video hizi zote, mahindi yanatoka kwenye kifuko. Kamera inakaa dakika tatu nzima kwenye shoka, dakika mbili kwenye kisu, lakini punje zinapita sekunde moja tu. Hakuna anayesema ni mahindi gani. Mtazamaji anabaki na wazo kwamba bisi zinafanywa na moto, na sufuria, na upweke wa msitu. Si kweli. Bisi zinafanywa na punje. Moto unakuja kumalizia tu.

Wazo hilo lilinidanganya hata mimi, nikiwa na lisansi ya agronomia mfukoni. Kikundi fulani cha vijana, ambacho sitakitaja, tulipanga usiku mmoja kando ya ziwa. Moto, gitaa, hadithi, na bisi kama kwenye video. Kazi ya mahindi nilipewa mimi, "juu wewe ndiye agronomu". Nikachukua mahindi meupe, makavu, mazuri, yametoka shambani kwetu. Tukangoja makala, tukatia mawese, tukatia punje tatu. Kimya. Tukatia nyingine. Kimya. Baadaye zikaanza kupasuka nyufa kidogo, zikawa kahawia, halafu nyeusi. Kwenye sufuria nzima hatukupata bisi za kujaza kiganja. Wenzangu wakacheka mpaka wakachoka.

Mama mmoja aliyekuwa anauza ndagala karibu alikuja kuomba moto. Akachungulia sufuria, akachukua punje moja mbichi kwenye mfuko wetu, akaiuma kwa meno ya pembeni. Hakucheka. Alisema tu: "Mwanangu, hii muhindi haiko ya bisi. Hii iko ya bugali."

Meno yake yalimwambia nini? Mahindi ya bugali, yale mengi tunayolima, yana punje kubwa yenye wanga laini katikati. Mengine yana kishimo kichwani, pale wanga laini ulipojikunja wakati wa kukauka. Ukiuma, inavunjika na kuacha unga. Mahindi ya bisi ni jamii nyingine ya mahindi hayo hayo. Punje ni ndogo, ngumu, inang'aa kama kioo, wanga wake karibu wote ni mgumu, na ganda lake la nje halina mapengo. Ndani yake kuna maji kidogo, asilimia 13 hadi 14 hivi. Punje ikipata moto, maji yale yanageuka mvuke lakini hayana mlango wa kutokea. Ganda linashikilia, wanga unalainika kama uji mzito, shinikizo linapanda, halafu ganda linaachia kwa ghafla na uji ule unavimba na kuganda hewani. Punje nzuri inaweza kuongezeka mpaka mara 40.

Mwaka 2015 watafiti wawili wa Ufaransa, Emmanuel Virot na Alexandre Ponomarenko, walipima jambo hili. Kwenye joto la digrii 170 ni asilimia 34 tu ya punje zilizopasuka. Kwenye digrii 180 zilikuwa asilimia 96. Digrii kumi tu, na sufuria inabadilika kabisa. Lakini punje walizopima ni punje za bisi. Mahindi ya bugali hata ukiyapa digrii 180 usiku kucha, ganda lake linavujisha mvuke polepole. Yanakaangika tu, na hilo si aibu: mahindi ya kukaanga na karanga ni chakula chetu cha zamani, kitamu sana. Kosa letu lilikuwa kukaanga huku tunangoja bisi.

Kilichonichoma ni hiki. Miaka yote ya masomo niliulizwa mahindi kwa tani. Kasaï 1, Salongo 2, inatoa tani ngapi kwa hekta, inakomaa siku ngapi, inavumilia ugonjwa gani. Maswali mazuri, na watu wenye njaa wanahitaji majibu yake. Lakini hakuna mtihani hata mmoja ulioniuliza punje hii inafanya nini ikifika jikoni. Yule mama amefanya mtihani huo maisha yake yote, na alipata jibu kwa meno kabla mimi sijamaliza kukuna kichwa. Kwa hiyo ninapozilaumu video kwa kuficha punje, najua kwamba na sisi wa kitivo tunaificha. Wao wameiweka nyuma ya shoka, sisi tumeiweka nyuma ya tani.

Kasoro ya pili ni ile hadithi inayouzwa nyuma ya picha: kwamba mtu wa kisasa anaacha mashine, anarudi porini, anagundua bisi za moto. Historia inakwenda kinyume. Kwenye pwani ya Peru, sehemu za Paredones na Huaca Prieta, wachimbaji wa mambo ya kale walipata mabaki ya mahindi yaliyoliwa yakiwa bisi, na ya zamani zaidi yana miaka kama 6,700. Watu wale walikuwa bado hawana hata vyungu vya udongo. Mashine imekuja juzi tu: Charles Cretors alionyesha yake ya mvuke kwenye maonyesho ya Chicago mwaka 1893. Na mwaka 1959 Wamarekani wakaanza kuuziwa Jiffy Pop, kisufuria cha karatasi ya alumini chenye mahindi na mafuta tayari ndani, ambacho wengi wamekibeba kwenda nacho kambini. Yaani bisi zilianzia motoni kwa watu wa kawaida, zikaenda kwenye mashine, halafu zikarudishwa motoni zikiwa na bei. Ukilijua hilo, hutasema tena "siku moja na sisi". Mama zetu wako motoni kila siku.

Kasoro ya tatu ni neno lenyewe, kambi. Kwenye video kambi ni kupumzika. Kwetu Fizi neno hili limebeba vitu vingine. Kuna kambi ya wavuvi kandokando ya ziwa, ambako watu wanalala karibu na ndagala zao. Kuna kibanda cha shambani, ambako kijana anawasha moto usiku ili nyani na nguruwe wa porini wasimalize mahindi. Kuna Nyarugusu ng'ambo ya ziwa, iliyofunguliwa mwaka 1996, na Lugufu iliyofungwa mwaka 2009. Baadhi yenu mnaosoma hapa mlizaliwa huko. Na kuna Lusenda, hapa hapa kwetu, ambako ndugu wa Burundi wamepokelewa tangu mwaka 2015. Katika fasi hizo zote watu wanapika nje kwa kuni, chini ya anga, na hakuna aliyewahi kuwapiga picha akiita ni burudani.

Sisemi vijana wa Fizi wasikae kando ya moto kwa furaha. Apana. Tena nasema tunastahili furaha hiyo kuliko wengi, juu wazazi wetu waliwasha moto porini kwa sababu ya kukimbia. Usiku ule wa aibu yangu, baada ya kicheko, mwenzetu mmoja alitueleza jinsi bibi yake alivyokuwa akiwakaangia mahindi kambini Tanzania ili watoto wasilale na njaa. Tulinyamaza wote. Mwanaume wa kwenye video ananyamaza kwa sababu yuko peke yake. Sisi tulinyamaza kwa sababu tulikuwa pamoja, na hiyo ndiyo video ambayo ningependa kuiona. Hakuna aliyeirekodi.

Basi hukumu yangu ni hii: zitazameni kwa ajili ya mkono, si kwa ajili ya hadithi. Jifunzeni punje tatu, makala mekundu, kutikisa, na kifuniko kilicho wazi kidogo. Mengine waachieni wenyewe.

Na kwa wenzangu wa shamba, kuna kazi hapa. Mahindi ya bisi yanayouzwa yakiwa kwenye vifuko yanasafiri mbali kabla hayajafika sokoni kwetu, na ardhi ya mahindi tunayo. Mavuno yake kwa hekta ni madogo kuliko ya bugali, kwa hiyo si zao la kujaza ghala, ni zao la kona ya shamba na la mfuko mdogo. Yapande mbali na mahindi mengine ili chavua zisichanganyike. Acha yakaukie kwenye mti, halafu yamalizie kivulini polepole, si juu ya lami kwenye jua kali, wala usiyasahau juu ya moshi wa jiko miezi mingi, juu maji yake yataisha. Yakikauka kupita kiasi, yatie kwenye chupa, nyunyiza maji kijiko kimoja kwa lita moja ya punje, funga, tikisa kila siku kwa siku tatu au nne, kisha jaribu tena. Na kabla ya kununua mbegu, peleka punje chache kwa mama anayekaanga, mwache aume.

Mwezi ujao nitarudi kando ya ziwa na wale wale walionicheka. Safari hii nimeshajaribu punje nyumbani kwenye mbabula: kati ya punje 50, zimepasuka 41. Anayejua mkulima wa mahindi ya bisi kati ya Mboko na Fizi-centre aandike hapa chini, na aseme anayakausha namna gani.