Majub bin Adam: Mwigizaji wa Pembeni Alivyohamishiwa Katikati

Anayetoka Mtwara kwenda Masasi kwa njia ya Mnazi Mmoja hupita Nyangao. Jirani yake ni Mahiwa, ambako Oktoba 1917, katika Vita vya Kwanza vya Dunia, Wajerumani na Waingereza walipigana kwa siku nne. Kati ya waliojeruhiwa Mahiwa na kuishia mikononi mwa Waingereza alikuwamo mtoto askari wa miaka 13, mzaliwa wa Dar es Salaam: Majub bin Adam Mohamed.

Mwaka 1929 alikwenda Berlin kudai malimbikizo ya mshahara, yake na ya baba yake. Akanyimwa. Akabaki hukohuko akifanya kazi ya uhudumu na kufundisha Kiswahili. Kuanzia 1934, kwa jina la Mohamed Husen, aliigiza katika filamu zaidi ya 20.

Studio za enzi ya Hitler zilimtumia ili kuipa hadithi sura ya Afrika. Alishikishwa sinia, akafungua mlango, akasimama nyuma ya nyota wa Kijerumani. Mtazamaji aliongozwa kumtazama nyota, na Majub akapita machoni pake kama samani.

Mwongozaji Eva Knopf alipotengeneza filamu ya makala *Majubs Reise* mwaka 2013, alichukua vipande vya filamu hizohizo za propaganda, akavitenga na hadithi zake za awali, kisha akavipanga upya vimsimulie Majub mwenyewe. Kazi kubwa imefanywa na uhariri pamoja na sauti ya msimulizi.

Tazama *Die Reiter von Deutsch-Ostafrika* ya 1934. Majub anaigiza mwanafunzi wa mawasiliano ya ishara katika jeshi la Wajerumani, mtiifu kwa mabwana zake. Ukishajua kwamba vita vya jeshi hilo alivipigana kweli na ujira wake haukulipwa, picha ileile inakuonyesha mdai akiwa mbele ya mdaiwa wake. Hakuna hata fremu moja iliyobadilishwa. Kilichoongezwa ni maarifa tu.

Mbinu hii ina mpaka wake. Maneno anayoyatamka Majub yaliandikwa na wengine, na uhariri hauwezi kumpa sauti aliyonyimwa. Mwaka 1941, mwaka ambao *Carl Peters*, filamu yake ya mwisho, ilionyeshwa, Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, walimkamata kwa uhusiano na mwanamke wa Kijerumani. Alifia kambi ya mateso ya Sachsenhausen Novemba 24, 1944.

Watengenezaji filamu wetu wa kusini wanaweza kuitumia mbinu hii sasa. Picha za enzi ya Mjerumani, za Mikindani na Lindi, zina askari na wapagazi waliosimama pembeni bila majina. Anzeni na hao: huyu ni nani, alifanya kazi gani, alilipwa? Kisha wafuateni wajukuu wao vijijini, kabla majina hayajasahaulika.