Jina Linalongoja Mfupa

Ukiwa Kyela, una njia mbili za kufuata dinosaria. Ya kwanza ni fupi: unakwenda Kasumulu, unavuka mto Songwe, unaingia Karonga, upande wa Malawi. Ya pili ni ya meli. Unaambaa na mwambao wa mashariki wa Ziwa Nyasa, Milima ya Livingstone ikiwa kushoto kwako, hadi Manda, pale mto Ruhuhu unapomwaga maji ziwani. Pande zote mbili zimetoa mifupa ya kale, na kote majina yake yalichukua miaka mingi kukaa sawa. Wapo wanaosema majina yanayobadilika ni ushahidi kwamba wataalamu wanabahatisha. Mimi naona hapo ndipo ufundi wao unapoonekana zaidi.

Mjusi wa Karonga alipewa jina mwaka 1928. Sidney Haughton alimwita Gigantosaurus dixeyi, kwa heshima ya mwanajiolojia Frederick Dixey, akamweka jenasi moja na mijusi wakubwa wa Tendaguru kule Lindi. Kumbe jina Gigantosaurus lilikuwa limekwisha kutumika Uingereza tangu 1869 kwa mnyama mwingine, na sheria ya majina ya wanyama humpa haki aliyetangulia. Mwaka 1993 Louis Jacobs na wenzake, akiwamo Elizabeth Gomani wa Malawi, walimwanzishia jenasi yake: Malawisaurus. Lakini dixeyi hawakuligusa. Jenasi hubadilika pale undugu wa mnyama unapoeleweka upya. Jina la spishi hubaki, ili msomaji wa leo aweze kurudi nyuma hadi kwenye maandishi ya 1928 na kujua kwamba ni mfupa uleule unaozungumzwa.

Upande wa Ruhuhu subira ilikuwa kubwa zaidi. Mwaka 1933 Rex Parrington wa Cambridge alikusanya visukuku katika miamba ya Manda. Miongoni mwake kulikuwa na kipande cha mfupa wa mkono wa juu na pingili chache za uti wa mgongo. Mwanafunzi wake, Alan Charig, alivichambua katika tasnifu yake ya 1956, na baadaye, mwaka 1967, jina Nyasasaurus cromptoni likatajwa kitabuni bila maelezo ya mfupa wenyewe. Kwa sheria ileile, jina la namna hiyo halihesabiki. Likabaki likielea kwa miaka arobaini na ushei.

Ndipo Sterling Nesbitt na wenzake wakaurudia mkono ule. Kwenye mfupa wa mkono wa juu pana ukingo uliojitokeza, ambapo misuli ya bega na kifua hushika. Kwa dinosaria ukingo huo ni mrefu, unateremka zaidi ya asilimia 30 ya urefu wa mfupa, na wa Manda ulikuwa hivyo. Wakakata kipande chembamba sana, wakakitazama kwa hadubini. Nyuzi za mfupa zilikuwa zimesukwa ovyoovyo, jambo linaloonyesha mnyama aliyekua haraka, kama dinosaria wa mwanzo walivyokua. Wakalinganisha na pingili nyingine zilizohifadhiwa Cape Town. Desemba 2012 wakatangaza Nyasasaurus parringtoni, wakakadiria umri wake kuwa miaka milioni 243 hivi, na Charig, aliyefariki 1997, wakamwandika miongoni mwa waandishi.

Ninachokistahi kuliko vyote ni walichokataa kusema. Magazeti yalitaka dinosaria wa kwanza duniani. Wao waliandika kwamba huyu ama ni dinosaria wa kale kuliko wote wanaojulikana, ama ni ndugu wa karibu mno wa dinosaria. Mkono na pingili haviwezi kubeba zaidi ya hapo. Ni vigumu kusimama mbele ya ugunduzi mkubwa kiasi hicho ukaandika “ama” mbili.

Na si tahadhari ya bure. Katika tasnifu ileile Charig alikuwa amempa jina Teleocrater, mnyama mwingine wa Manda. Mifupa ya 1933 haikutosha kumweka mahali pake. Mwaka 2015 timu ilichimba mingine hapohapo Ruhuhu, ikapata vifundo vya miguu, na vikawa vya namna ya mamba, ingawa mnyama mwenyewe yuko kwenye ukoo wa ndege na dinosaria. Hakuna aliyetarajia hivyo. Jina likatangazwa rasmi 2017, na sura ya mababu wa dinosaria ikabidi ichorwe upya.

Kwa Nyasasaurus kinachohitajika kinajulikana: nyonga. Ya dinosaria ina tundu lililo wazi pale kichwa cha paja kinapoingia. Ikipatikana moja Ruhuhu, imelala pamoja na mkono wa aina ile, “ama” mojawapo itafutwa.