Lahaja ya Msituni katika Kazi za Dennis Potter

Miongoni mwa Waingereza walioandikia televisheni, Dennis Potter (1935–1994) astahili kuangaliwa zaidi na watu wa elimu ya lugha. Wahakiki wamezoea kumsifu kwa hila yake mashuhuri, yaani wahusika kuacha mazungumzo ghafula na kuchezesha midomo kwa kufuata nyimbo za santuri za zamani. Hila hiyo ni nzuri. Lakini nguvu ya kazi zake, kwa maoni yangu, yatoka katika lugha ya kwao.

Potter alikuwa mtoto wa mchimba makaa ya mawe katika Msitu wa Dean, magharibi ya Uingereza, ambako wenyeji walidumu kuambiana “thee”, neno la kale ambalo Kiingereza sanifu kimeliacha. Katika Blue Remembered Hills (1979), watoto saba wa mwaka 1943 waigizwa na watu wazima, nao wasema kwa lahaja ya huko. Hapana mkubwa wa kuwafasiria watazamaji. Ukatili wao, hata kifo cha mwenzao kwa moto, waelezwa kwa lugha ya nyumbani peke yake.

Katika The Singing Detective (1986), Marlow, mgonjwa wa ngozi na viungo kama Potter mwenyewe, asema Kiingereza kilichonolewa kwa kejeli. Bali kumbukumbu za utoto zamrudia kwa sauti za msituni. Lugha mbili zashindana ndani ya mtu mmoja, wala haponi mpaka asikilize ile aliyoikimbia.

Filamu zathibitisha neno hili. Pennies from Heaven, tamthilia ya sehemu sita ya mwaka 1978, ilihamishiwa Chicago katika filamu ya 1981. Na The Singing Detective ilihamishiwa Marekani katika filamu ya 2003. Zote mbili aliziandika Potter mwenyewe. Eileen, ambaye kwanza alikuwa mwalimu wa Msitu wa Dean, akawa Mmarekani. Wako watakaojibu kwamba maandishi ya filamu ile ya kwanza yalipendekezwa kwa tuzo ya Oscar. Ni kweli, nayo yana ufundi mwingi. Lakini nyimbo zilibaki, na usemi uliozipa uchungu ukang’olewa.

Sisi tunaoorodhesha lahaja huelekea kuzihesabu kuwa mabaki. Potter atuonya: lahaja yaweza kubeba mawazo mazito ya zama zake, mradi mtungaji asiione haya.